Nusu na Robo: Utangulizi wa Kujumlisha Sehemu

Binti mmoja wa darasa la tano aliniamkia, akanipa daftari lake nilisahihishe. Swali la kwanza lilikuwa 1/2 + 1/4. Alikuwa ameandika 2/6 kwa mwandiko mzuri, na mstari wa katikati ameupiga kwa rula. Sikuweka kosa. Nilimuuliza: "Mama akikutuma dukani nusu kilo ya sukari, kabla hujafika mbali akakuita, 'Ongeza na robo', utamwambia mwenye duka akupimie ngapi?" Hakusita. "Robo tatu, mwalimu." Nikamrudisha kwenye daftari: "Na hapa je?" Alilitazama, akanitazama mimi, kama anayejiuliza ni nani kati yetu aliyechanganyikiwa. "Hiyo ni ya daftarini, mwalimu. Ile ni ya dukani."

Jibu hilo limenikaa kichwani kuliko vitabu vingi nilivyosoma kuhusu ufundishaji wa hisabati. Yule mtoto alijua kujumlisha sehemu zenye asili tofauti. Alijua kabla hajafika kwetu, maana ametumwa dukani tangu hajafikia urefu wa kaunta. Sisi ndio tuliomfundisha kwamba za daftarini ni nyingine.

Uwanja ninaokukaribisha, msomaji, ukiutazama kwa mbali ni kichochoro tu cha hesabu za shule ya msingi. Ukiingia ndani utakuta wamepita humo makarani wa Misri ya kale, wanahisabati wa China na India, makadhi wa mirathi na wauza sabuni. Utakuta pia swali moja ambalo mpaka leo hakuna aliyelimaliza. Tutakwenda taratibu. Huhitaji kujua zaidi ya kuzidisha na kugawanya, na nakuomba uwe na kipande cha karatasi karibu.

Tuanze na maneno, kwa kuwa hapa Kiswahili kimetupa zawadi ambayo hatuitumii. Katika 3/4, vitabu vyetu vya shule ya msingi huita 3 kiasi na 4 asili. Mwanafunzi huyakariri maneno hayo jioni moja kwa ajili ya mtihani, basi yakaishia hapo. Lakini hebu yasikilize. Kiasi ni ngapi. Asili ni chimbuko la kitu, aina yake, kule kinakotoka. Ukimuuliza mgeni asili yake, hukumuuliza wako wangapi kwao. Kwa hiyo 3/4 ni vitu vitatu ambavyo asili yake ni kitu kizima kilichogawanywa mara nne. Namba ya juu inahesabu, ya chini inataja jina la kinachohesabiwa.

Na lugha ya mtaani inalijua hilo vizuri. Tunasema "robo tatu" kwa mpango uleule tunaosema "embe tatu": jina kwanza, hesabu baadaye. Tunasema "theluthi mbili" kama "chupa mbili". Wazee walikuwa na mlolongo mzima wa majina haya uliotokana na Kiarabu: nusu, theluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui, ushuri. Mengi yamefifia, ingawa thumuni iliishi muda mrefu mifukoni mwa watu kama jina la sarafu ya senti 50. Darasani tumeyaweka kando tukaleta namna nyingine ya kusoma: "tatu juu ya nne". Sina ugomvi nayo, inafaa kwa kuandika ubaoni. Ila tazama inachokieleza. Inaeleza wino ulipokaa kwenye karatasi, namba gani iko juu na ipi iko chini, bila kukigusa kitu chenyewe. Mtoto aliyefunzwa kwamba sehemu ni "moja juu ya mbili" na "moja juu ya nne" akiambiwa ajumlishe, atajumlisha za juu kwa za juu na za chini kwa za chini. Angefanya nini kingine?

Mwambie mtoto huyohuyo ajumlishe embe tatu na machungwa mawili. Hatasema embe tano. Atasema matunda matano. Bila kufundishwa ametafuta jina moja linaloyabeba yote mawili, na hapo ndipo kujumlisha kulipowezekana. Katika sehemu kazi ni ileile, tofauti ni kwamba kwenye matunda tunapanda kwenda kwenye jina pana zaidi, na kwenye sehemu tunashuka kwenda kwenye kipande kidogo zaidi.

Chukua mche wa sabuni ya kufulia, ule mrefu ambao mwenye duka huukata vipande kwa kisu au kwa uzi. Nyumbani kumebaki nusu mche. Shangazi kaja na theluthi ya mche wa aina ileile na urefu uleule. Viweke mezani vipande hivyo, kimoja mbele ya kingine. Una sabuni kiasi gani? Macho yanaona kwamba ni zaidi ya nusu na haijafika mche mzima, lakini jina la kiasi hicho bado hatuna. Huwezi kusema nusu mbili, maana kipande cha shangazi ni kifupi. Huwezi kusema theluthi mbili, maana cha nyumbani ni kirefu. Watoto wakiachwa hapa dakika tano bila kuambiwa kitu, yuko atakayeomba kisu. Mpe kisu, au mpe penseli aweke alama kama unaogopea vidole.

Anachotafuta ni kipande kidogo ambacho kikirudiwa mara kadhaa kinajaza nusu bila kubaki, na kikirudiwa tena kinajaza theluthi bila kubaki. Atajaribu robo kwanza, kwa kuwa robo ameizoea. Nusu inajaa kwa robo mbili. Theluthi inakataa: robo moja haitoshi, mbili zinazidi. Akijaribu sudusi, yaani mche uliogawanywa mara sita, nusu inajaa kwa sudusi tatu na theluthi kwa sudusi mbili. Sasa vipande vyote vina jina moja. Sudusi tatu na sudusi mbili ni sudusi tano.

1/2 + 1/3 = 3/6 + 2/6 = 5/6

Hakuna sabuni iliyoongezeka wala iliyopungua. Kilichobadilika ni ukataji, na ukataji ukibadilika hesabu nayo hubadilika. Ni kama kuchenji noti ya elfu kumi ukapewa za elfu mbili: pesa ni ileile, ila sasa unashika noti tano badala ya moja. Mtoto anayejua kuhesabu chenji yake hawezi kukubali apewe noti moja ya elfu mbili kwa elfu kumi yake. Kumbuka mfano huu, tutauhitaji mbele.

Napenda sabuni kuliko chapati, ambayo ndiyo imejaa vitabuni. Chapati ni duara, na duara halikubali theluthi kirahisi. Mwambie mtoto agawanye duara mara tatu, utamwona anapiga mistari miwili ya kusimama, kipande cha katikati kikawa kinene kama mwenyekiti na vya pembeni vikawa vyembamba. Kisha tunashangaa kwa nini hesabu yake haikubali. Ubaoni chora mstatili. Ugawe kwa mstari mmoja wa kusimama upate nusu mbili, kisha uukate kwa mistari miwili ya kulala upate theluthi tatu. Umepata vyumba sita. Nusu ni vyumba vitatu, theluthi ni vyumba viwili. Picha hiyo moja inaonyesha kwa nini kuzidisha asili kwa asili hakushindwi kamwe: mistari ya kusimama ikikatana na ya kulala, vyumba vinavyopatikana vinagawa upande huu na ule kwa usawa.

Saa ya ukutani nayo ni mwalimu mzuri. Nusu saa na theluthi ya saa ni dakika 30 na dakika 20, jumla dakika 50. Wababeli, ambao tumerithi kwao 60 hiyo, walikuwa na namba inayogawanyika kwa 2, kwa 3, kwa 4, kwa 5, kwa 6, kwa 10 na kwa 12. Ndiyo maana kwenye saa nusu, theluthi, robo na humusi zote zinakuwa dakika kamili. Jaribu subui ya saa uone inavyokugomea.

Sasa turudi kwenye lile kosa, kwa sababu nadhani limeonewa. Mwanafunzi anayeandika 1/2 + 1/3 = 2/5 huitwa mzembe. Kwanza tukubaliane kwamba jibu ni baya, na ubaya wake unaonekana bila kanuni yoyote: 2/5 ni ndogo kuliko nusu. Alikuwa na nusu mche, akaongezewa, akabaki na pungufu. Sabuni imeliwa na panya? Swali hilo la utani linafanya kazi kubwa kuliko alama ya kosa ya kalamu nyekundu, kwa sababu linamfanya mtoto alikague jibu lake mwenyewe.

Lakini wazo la kujumlisha juu kwa juu na chini kwa chini halikuanguka kutoka mbinguni. Mchezaji alipiga penalti mbili Jumamosi, akafunga moja. Jumapili akapiga tatu, akafunga moja. Kwa siku hizo mbili amefunga ngapi kati ya ngapi? Mbili kati ya tano. Ni sahihi kabisa. Na sisi walimu tunafanya hivyo kila muhula mbele ya macho yao. Jaribio la kwanza mtoto kapata 7/10, la pili 15/20, tunaandika jumla 22/30, kwa wino mwekundu, na mkwaju uleule katikati. Mtoto ametuona. Ameiga. Kisha siku ya somo la sehemu tunamwambia amekosea, bila kumweleza tofauti iko wapi.

Tofauti iko hapa: kwenye penalti na kwenye alama, kila sehemu ina mzima wake. Mzima wa Jumamosi ni penalti mbili, wa Jumapili ni tatu, na tunapojumlisha tunaunganisha hata mizima. Kwenye sabuni, nusu na theluthi zote ni za mche wa kipimo kimoja, na mche huo haubadiliki kwa kuwa shangazi amekuja. Matokeo ya hesabu ya penalti siku zote huangukia katikati ya sehemu mbili ulizoanza nazo. 2/5 iko kati ya 1/3 na 1/2. Mwanajiolojia Mwingereza John Farey aliandika kuhusu namba za aina hiyo mwaka 1816, na zina somo lake zima katika hisabati ya juu. Kwa hiyo mwanafunzi wetu amefanya hesabu halali ya swali ambalo hakuulizwa.

Kukosa hisia ya ukubwa wa namba si tatizo letu peke yetu. Mwaka 1978, katika upimaji wa kitaifa wa Marekani, watoto wa miaka 13 waliulizwa wakadirie jibu la 12/13 + 7/8, wakapewa machaguo manne: 1, 2, 19 na 21. Hakuna haja ya kukokotoa chochote. 12/13 inakaribia 1, 7/8 inakaribia 1, jibu ni karibu na 2. Waliochagua 2 walikuwa asilimia 24. Zaidi ya nusu walichagua 19 au 21, na ukijumlisha 12 na 7, au 13 na 8, utaona walikozipata. Walikuwa wakiona namba nne zilizokaa juu na chini ya mistari, si vipande viwili vikubwa vya kitu kizima.

Na uzito wake ni mkubwa kuliko alama za wiki hii. Robert Siegler na wenzake walichapisha mwaka 2012 uchambuzi wa takwimu za Uingereza na Marekani zilizowafuatilia wanafunzi kwa miaka kadhaa. Ujuzi wa sehemu na wa kugawanya katika umri wa miaka 10 hadi 12 ulitabiri jinsi mtoto atakavyofanya katika aljebra na hisabati ya sekondari, hata baada ya kuzingatia akili yake kwa jumla na kipato cha nyumbani. Mimi sishangai. Aljebra inapomwambia mtoto kwamba 3a na 2b hazijumlishiki mpaka tujue a na b zinahusianaje, inarudia somo la sudusi kwa herufi.

Katika pwani yetu iko elimu nyingine ambayo imeitunza hesabu hii kwa karne nyingi nje ya darasa la hisabati, nayo ni mirathi. Surat An-Nisaa, katika aya za 11, 12 na 176, inataja mafungu sita ya urithi: nusu, robo, thumuni, theluthi mbili, theluthi na sudusi. Mafungu hayo hukutana katika nyumba moja, na yakikutana huwa yana asili tofauti. Mtu amefariki, ameacha mke, mama na mtoto mmoja wa kiume. Mke ana thumuni kwa sababu kuna mtoto, mama ana sudusi, kinachobaki ni cha mtoto. Kabla ya kugawa hata shilingi, mwenye elimu ya mirathi hutafuta kwanza namba moja inayogawanyika kwa 8 na kwa 6. Anapata 24. Mke ana mafungu 3, mama 4, mtoto 17. Namba hiyo kwa Kiarabu huitwa asili ya mas'ala. Neno ni lilelile ambalo mtoto wa darasa la tano analiandika chini ya mstari. Wanazuoni walibaini kwamba kwa mafungu sita yaliyotajwa, asili zinazohitajika ni saba tu: 2, 3, 4, 6, 8, 12 na 24.

Kuna mas'ala moja mashuhuri humo inayoitwa Mimbariya, kwa kuwa inasimuliwa kwamba Ali bin Abi Talib aliulizwa akiwa juu ya mimbari akajibu papo hapo bila kukatiza hotuba. Mtu ameacha mke, baba, mama na mabinti wawili. Thumuni ya mke, sudusi ya baba, sudusi ya mama, theluthi mbili za mabinti. Zigeuze zote ziwe za asili 24: 3, 4, 4 na 16. Zijumlishe. Zinakuwa 27. Mafungu yamezidi mali yenyewe! Jibu lililosimuliwa ni kwamba thumuni ya mke imekuwa tusui: mali inagawanywa kwa 27 badala ya 24, kila mwenye fungu anapungukiwa kwa uwiano uleule, na 3/27 ni 1/9. Asiyejua kujumlisha sehemu hawezi hata kugundua kwamba kuna tatizo. Ninawashauri walimu wa shule zenye wanafunzi wa madrasa wasiogope kuileta hesabu hii darasani. Pengine kuna mtoto pale ambaye ameshakutana nayo jioni na hajui kwamba asubuhi anafundishwa kitu kilekile.

Historia ya nje ya kwetu nitaipitia kwa haraka, nikisimama mahali pawili tu. Karani wa Misri aliyeitwa Ahmes alinakili, takriban mwaka 1550 kabla ya Kristo, mafunjo ambayo sehemu kubwa iko British Museum huko London. Wamisri waliandika sehemu zenye kiasi 1 tu, isipokuwa theluthi mbili, kwa kuweka alama ya mdomo juu ya namba. Sehemu nyingine zote walizieleza kwa kujumlisha. Mikate 6 kwa watu 10? Sisi tungesema 6/10, tukaishia hapo. Ahmes anasema kila mtu apate 1/2 na 1/10. Ukitafakari, jibu lake linakatika vizuri kuliko letu: mikate mitano ikatwe nusu nusu, wa sita ukatwe vipande kumi, kila mtu aondoke na vipande viwili vinavyofanana na vya mwenzake, wasigombane. Na alipotaka kujumlisha sehemu nyingi, aliandika chini yake kwa wino mwekundu namba zinazoonyesha kila moja ni ngapi katika namba moja aliyoichagua. Ni kazi ileile tunayoifanya sisi tunapotafuta asili ya pamoja.

Mahali pa pili ni ubishi ambao bado unaendelea katika vyumba vya walimu: tuzidishe asili kwa asili, au tutafute Kigawe Kidogo cha Shirika, ile KDS yetu? Katika kitabu cha China cha hisabati kinachojulikana kama Sura Tisa, kanuni ni kuzidisha, na Liu Hui, aliyekifafanua mwaka 263, alieleza sababu: asili hufanywa ziwe moja, kisha viasi hurekebishwa ili visipoteze thamani yake. Brahmagupta wa India naye mwaka 628 aliagiza kuzidisha. Ni Mahavira, mwanahisabati mwingine wa India wa karne ya 9, aliyeleta njia ya kigawe kidogo. Ukitazama tarehe hizo utaona kwamba watu walijumlisha sehemu kwa usahihi karne nyingi kabla ya KDS kuwa kanuni. KDS ilikuja kupunguza jasho.

Na inapunguza kweli. Chukua 1/12 + 1/18. Ukizidisha asili unapata 216, unaandika 18/216 + 12/216 = 30/216, kisha unaanza safari ya kurahisisha mpaka ufike 5/36. Kwa KDS unavunja 12 kuwa 2 × 2 × 3 na 18 kuwa 2 × 3 × 3, unachukua kila namba tasa mara nyingi kadiri inavyohitajika, 2 × 2 × 3 × 3, unapata 36. Kisha 3/36 + 2/36 = 5/36, umemaliza.

Msimamo wangu ni huu, na najua wako wenzangu watakaopinga. Fundisha kuzidisha kwanza, kwa mstatili, hata kama namba zitakuwa kubwa. Mtoto ajue ana njia isiyomwangusha. KDS ije baadaye, siku atakapolalamika kwamba namba zimekuwa ndefu. Mtu hutafuta njia ya mkato baada ya kuchoka na njia ndefu; ukimpa ya mkato kabla hajajua anakokwenda, atapotea haraka zaidi. Nimeona mwanafunzi aliyepata KDS ya 12 na 18 sawasawa, akagawanya kwa namba tasa hatua kwa hatua, akaandika 36 na kuizungushia duara, kisha jibu lake likawa 2/36. Alibadilisha asili, akaviacha viasi vilevile. Hii ndiyo ile noti ya elfu kumi iliyochenjiwa kwa noti moja ya elfu mbili. Hakuna aliyemwambia kwamba ukikibadilisha kitu jina lazima ukihesabu upya.

Kuna jambo la lugha ambalo sitalieleza kwa urefu, ingawa linastahili. Mtoto wa shule ya msingi ya serikali Tanzania hujifunza haya kwa Kiswahili, kisha Kidato cha Kwanza maneno yote hugeuka Kiingereza kwa usiku mmoja. Kama "asili" ilikuwa na maana kichwani mwake, atapoteza jina abaki na kitu. Kama lilikuwa neno la kukariri, atabadilishana neno tupu kwa neno tupu.

Utakapoendelea na somo hili utakutana na mengi ambayo sikuyagusa: kutoa, namba mchanganyiko, mstari wa namba, desimali, asilimia. Hayo yanafundishika vizuri mtu akishaelewa sabuni. Ninachotaka kukuachia mkononi ni lile swali nililoahidi mwanzoni, ili usidhani umekaribishwa kwenye kichochoro kisicho na njia ya kutokea.

Mwaka 1948 Paul Erdős na Ernst Straus walikisia kwamba sehemu yoyote yenye kiasi 4, na asili yoyote kuanzia 2 kwenda juu, inaweza kuandikwa kama jumla ya sehemu tatu zenye kiasi 1, kama zile za Ahmes. Kwa mfano:

4/5 = 1/2 + 1/4 + 1/20

4/13 = 1/4 + 1/18 + 1/468

Zihakiki. Ya kwanza inataka asili 20, ya pili 468, na mwanafunzi wa darasa la saba anaweza kuzimaliza zote mbili. Kompyuta zimejaribu asili nyingi mno na hazijakuta hata moja inayokataa. Lakini kwamba hakuna itakayokataa kamwe, hilo bado halijathibitishwa na mtu yeyote. Jaribu wewe 4/17. Jibu lipo, nimelipata kwa penseli. Tafuta karatasi iliyo ndefu kidogo.